Doti za Baba

Ifahamike kwa wote, walio karibu na walio mbali, wenye magari na wanaotembea kwa miguu, kwamba siku ya Jumamosi, jua likiwa bado na adabu, Mtaalamu aliwasili kuja kuliokoa gari la ukoo. Aliwasili na shati jeupe lililopigwa pasi mpaka mikunjo yake ingeweza kumkata mtu. Aliwasili na miwani ya jua, saa kubwa, na manukato yaliyoingia getini kabla yake. Vifaa vya kazi alivyokuja navyo vilikuwa bisibisi moja, na hiyo alikuwa ameiazima kwa jirani.

Mtaalamu alikuwa mume wa Dada. Kwa kazi alikuwa fundi wa majokofu, na hakuna aibu yoyote katika majokofu. Aibu ni kwamba tangu aoe, hakuna kitu chenye waya, bomba au skrubu katika nyumba ile ambacho hakukitolea hotuba. Alilihutubia bomba la jikoni, likaanza kuvuja. Likizo iliyopita aliihutubia redio ya Mama, ikanyamaza na haijasema neno mpaka leo. "Sisi wataalamu," ndivyo alivyoanza kila sentensi, kana kwamba wako wengi na wenzake wamebaki nje wanamsubiri.

Kitinda, binti wa mwisho wa nyumba hiyo, alikuwa amekaa kwenye ngazi za veranda akimtazama kwa dharau safi, isiyotiwa maji. Alikuwa likizoni kutoka shule ya bweni, na bweni ni chuo kikuu cha dharau. Ukishalala muhula mzima jirani na matroni anayekataza kelele kisha anakoroma mpaka vioo vinatetemeka, unajifunza kumpima mtu kwa kumtazama mara moja. Kitinda alimpima shemeji yake, akampa alama mbili kati ya kumi: moja ya kuhudhuria, moja ya pasi.

Gari lenyewe lilikuwa kando ya ukuta wa uani. Zamani lilikuwa la bluu. Sasa lilikuwa na rangi ya sare iliyofuliwa kupita kiasi. Mama aliliita mke mwenza. "Mke mwenza ameshiba?" angemuuliza Baba akitoka kituo cha mafuta. "Mke mwenza leo anaumwa wapi?" Lakini siku za karibuni utani ulikuwa umeisha. Gari likiwashwa lilikohoa, likatetemeka, kisha likazima katikati ya barabara kama mtu aliyekumbuka ameacha kitu nyumbani. Mara ya mwisho Mama alilisukuma akiwa amevaa viatu vya kwendea harusini. Aliporudi, viatu mkononi, alitoa hukumu: Jumamosi, kabla jua halijazama, gari litoke getini kwa nguvu zake lenyewe. Likishindwa, Jumatatu mnunuzi wa vyuma chakavu analikokota, na pale liliposimama patajengwa banda la kuku.

"Kuku wanataga," Mama alisema. "Hilo lako linataga nini?"

Baba alikuwa dereva wa lori maisha yake yote, sasa amestaafu. Mgongo haukubali tena kuinama na vidole hutetemeka kidogo asubuhi. Mtaani, mtu akiwa na mgonjwa au mama mwenye uchungu, dirisha lililogongwa lilikuwa la Baba, na Baba alitoka akifunga vifungo vya shati huku anajifanya amekasirika. Kitinda alilijua hilo. Gari likiondoka, hakuna atakayekuja kugonga dirisha la mtu mwenye kuku.

Ugonjwa wa gari Baba alikuwa ameshautambua mwenyewe: distribyuta. Ni kile kidude kilichosimama ubavuni mwa injini, kinachogawa cheche za umeme kwa plagi, moja baada ya nyingine, kwa zamu, kama kiranja anavyogawa sabuni kwa waliopanga foleni. Shafti yake, mhimili wa katikati, ilikuwa imelika, inacheza ndani kama jino bovu, kwa hiyo cheche zilifika zimechelewa au hazikufika kabisa. Baba alikuwa amepata nyingine iliyo nzima, akaileta nyumbani imezungushiwa gazeti, ameipakata kama mtoto. Miaka ya nyuma angeifunga mwenyewe huku anapiga mluzi. Sasa Mama alimpigia simu Dada, na Dada, kwa fahari isiyoelezeka, akamleta mumewe.

Jambo moja tu Baba alilifanya kwa mikono yake. Nyaya za plagi zilikuwa nne, na kila mmoja una tundu lake kwenye kifuniko cha distribyuta. Tangu enzi za lori, Baba huweka doti za rangi: waya wa kwanza doti moja, wa pili mbili, mpaka wa nne, na pembeni ya kila tundu doti zile zile. Hata ukiamshwa usingizini unarudisha kila waya kwake. Doti za zamani zilikuwa zimefifia, basi Alhamisi alizipaka upya. Rangi aliazima kwa Kitinda: kichupa cha rangi ya kucha, nyekundu ya kuchoma, kitu ambacho shuleni ni kosa la kurudishwa nyumbani, na ambacho Kitinda alikuwa amekipitisha mbele ya pua ya matroni. Baba alikipokea bila maswali. Alipaka bila miwani.

"Vaa miwani," Mama alisema akipita na ndoo.

"Naona."

"Unaona nini? Juzi uliusalimia mtungi ukidhani ni mimi."

"Na mtungi ulinijibu vizuri kuliko wewe."

Sasa Mtaalamu alifungua boneti, akaweka mikono kiunoni, akaitazama injini kama mgeni rasmi anayekagua gwaride. Baba aliketi kando kwenye kigoda, sanduku lake la spana miguuni.

"Mzee, hivi vidude vyekundu ni nini?"

"Doti, mwanangu. Za kujua waya upi unaingia wapi."

"Doti!" Mtaalamu alicheka mpaka miwani ikashuka. "Mzee, hapa si chekechea. Sisi wataalamu mpangilio tunao humu." Akajigonga paji la uso.

"Vizuri," Baba alisema kwa upole. "Ni upi?"

"Upi nini?"

"Huo mpangilio. Plagi ipi inaanza, ipi inafuata?"

Mtaalamu alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena. "Inategemea," alisema.

Inategemea! Kule kwenye ngazi Kitinda alifunga macho kwa raha na uchungu. Kwa gari lile haikutegemea kitu. Moja, tatu, nne, mbili: Baba alimfundisha akiwa mdogo, naye Kitinda akawa anarukia kamba kwa mpangilio huo hapo hapo uani. Alama za shemeji zikashuka mpaka moja, ya pasi.

Kazi ikaanza, yaani Baba alifanya kazi kwa mdomo na Mtaalamu akajitwalia sifa. Baba alisema, "Kabla hujaichomoa, tia alama hiyo rota, kidole kinachozunguka ndani, imeelekea wapi." Mtaalamu akasema, "Ndicho nilichotaka kusema." Baba akasema, "Hiyo nati ya chini kwanza, spana kumi." Mtaalamu akasema, "Bila shaka," akachukua spana kumi na tatu. Distribyuta ya zamani ikatoka. Baba aliipokea, akaitikisa, shafti ikacheza ndani yake, cha, cha, cha, naye akatikisa kichwa kama daktari aliyethibitisha. Mpya ilipoingizwa ilikataa kukaa. Mtaalamu akaikandamiza mpaka mishipa ya shingo ikasimama.

"Usigombane nayo," Baba alisema. "Zungusha rota kidogo, meno yakutane."

Akazungusha. Ikashuka yenyewe, tuk.

"Nimeitumia mbinu," Mtaalamu alimwambia Dada, aliyekuwa anapita na sinia.

Kifuniko cha zamani kilikuwa bado kizima, kinahamia kwenye distribyuta mpya. Kilikuwa cha kupachika tu na kubana vishikizo viwili. Lakini Mtaalamu aliona nyaya zina vumbi, na kabla Baba hajamaliza kusema, "Toa mmoja mmoja," alikuwa amezing'oa zote nne upande wa kifuniko.

"Usafi, mzee! Sisi wataalamu tunaanza na usafi."

Zikabaki zimelala juu ya injini, ncha zao zenye doti zikitazama angani. Ndipo Dada akaita kwamba chakula ni tayari, na wanaume wakaenda kunawa.

Hapa ni lazima Kitinda atendewe haki: nia yake ilikuwa ya kitaaluma. Mtu amedai mbele ya mashahidi kwamba mpangilio anao kichwani na doti ni za chekechea. Kama ni kweli, doti zikibadilika hatadhurika, maana hazitazami. Kama ni mwongo, gari litamtangaza lenyewe. Hilo ni jaribio la kisayansi, na shule yao ilisifika kwa maabara. Tena alikuwa anaitetea heshima ya babake, aliyechekwa kwenye uwanja wake mwenyewe na mtu aliyekuja na bisibisi ya kuazima.

Alitoa kichupa mfukoni. Waya wa pili akauongezea doti, ukawa na tatu. Waya wa tatu akaukwangua doti moja kwa wembe wa kuchongea penseli, ukabaki na mbili. Akaipuliza ile rangi mbichi, fuu, fuu, akaenda mezani, akamkaribisha shemeji yake maji na chumvi kwa heshima kubwa kiasi kwamba familia yenye akili ingeshtuka.

"Likizo hii umekua," Dada alimwambia.

"Shule inasaidia," Kitinda alijibu.

Baada ya chakula Mtaalamu alirudi kwenye injini. Aliangalia kushoto, akaangalia kulia. Kisha akainama, pua ikakaribia nyaya, na midomo yake ikaanza kucheza taratibu. Anahesabu! Kitinda aliuma kola ya fulana yake asicheke. Mpangilio wote uliokaa kwenye paji lile la uso ulikuwa unasomwa kwenye rangi ya kucha.

Waya wa mwisho ulipoingia, Mtaalamu alimwita Dada aje na simu arekodi, ndugu wa mbali wapate kujifunza. Mama alisimama mlangoni mwa jikoni, mikono imekunjwa, macho yakilipima jua na ukuta, huku akilini labda anapanga kuku wa kwanza alale wapi. Baba aliingia garini, akaweka ufunguo.

"Ndugu na jamaa," Mtaalamu aliiambia simu, amesimama mbele ya injini ambayo alikataa kuirudishia chujio la hewa alilolivua mapema kwa kuwa, alivyosema, injini lazima ipumue. "Mnachokiona hapa ni utaalamu. Mzee, washa!"

Baba akawasha. Injini ilizunguka, ikakohoa, ikashika, gari zima likaanza kuyumba kama punda anayekataa mzigo. Mtaalamu aliinama asikilize.

Pwaa!

Kabureta, mdomo wa injini wa kuvutia hewa, ilimpigia chafya usoni. Moshi mweusi ukapanda mpaka juu ya ukuta. Mtaalamu alirudi nyuma hatua kadhaa, akavua miwani, na chini yake kukawa na duara mbili safi katikati ya masizi, na ndani yake macho mawili ambayo kwa mara ya kwanza hayakuwa na hotuba. Shati jeupe lilikuwa limekuwa historia.

Kitinda alicheka. Alicheka mpaka akalala chali kwenye veranda, akapiga sakafu kwa kisigino.

"Tena!" alisema Mtaalamu. Wakawasha tena. Pwaa!

"Lakini mimi nimefuata doti!" Mtaalamu alipiga kelele. "Doti moja kwenye moja, mbili kwenye mbili! Nimezifuata zote!"

Huo ndio ushahidi ambao Kitinda alikuwa ameufanyia kazi. Aliinuka, akajifuta machozi, akafungua mdomo aseme "Kumbe!" kwa urefu wote ambao neno hilo linaweza kuvutwa. Ila Baba alikuwa ameshatoka garini, na Kitinda alipomwona uso, lile neno likakwama.

"Doti ni zangu," Baba alisema.

"Nilikwambia uvae miwani," Mama alisema. Hakulisema kwa kejeli. Alilisema polepole, na hilo lilikuwa baya zaidi.

"Ulisema." Baba alikuwa akiutoa ufunguo kwenye pete yake, na vidole havikumsaidia. "Mtu anayeshindwa kuhesabu doti mbili mbele ya pua yake, ataonaje mtoto anayekatiza barabara? Na mimi nachukua wagonjwa wa watu." Ufunguo ulitoka. Akamnyooshea Mama. "Shika. Jenga banda lako."

Mama hakuupokea. Alitazama ule ufunguo kama mtu aliyepewa kitu alichokuwa anakitania tu.

"Mzee," Mtaalamu alisema. Alikohoa masizi. "Hapana. Nimechanganya mimi."

"Usinibembeleze, mwanangu. Umefuata doti, umesema mwenyewe."

"Nimesema hivyo kujitetea. Huo mpangilio siujui, Baba. Kazi yangu ni majokofu." Akaiangalia simu ya Dada, ambayo ilikuwa bado inarekodi, na hakumwambia azime. "Mimi ndiye niliyekosea. Usiuze gari kwa ajili yangu."

Dharau ya Kitinda ilizunguka juu ya ule uso mweusi ikitafuta mahali pa kutua. Haikupata. Ikageuka, ikaanza kurudi kwa mwenyewe, nayo haikuwa na haraka, ilijua anapokaa. Alitaka kusema. Shuleni alishawahi kusimamishwa mbele ya gwaride lote bila kutikisika. Hapa palikuwa na watu wanne tu, naye akakisukuma kichupa ndani zaidi mfukoni.

"Basi ngoja nihesabu mwenyewe," Baba alisema. "Angalau nijue niliharibu wapi."

Akachomoa nyaya moja baada ya nyingine. Akauleta wa kwanza karibu na macho, akausogeza mbali, akaurudisha. Mwishowe akakata tamaa na macho, akayafumba, akaanza kuhesabu kwa kidole gumba.

"Moja." Akauweka. "Huu una moja... mbili..."

Kidole kilisimama. Kikarudi nyuma. Kikabonyeza.

"Moja, gumu. Mbili, gumu. Tatu, laini." Alifumbua macho, akageuza kidole juani. Palikuwa na alama nyekundu, mbichi. Akauchukua waya mwingine, akaupapasa. "Moja. Mbili. Na hapa pamekwanguliwa."

Alizirudisha nyaya kifunikoni mwenyewe, bila kuangalia doti hata moja, akinong'ona, "Moja, tatu, nne, mbili," kwa mdundo ule ule wa kamba. Akabana vishikizo. Akamrushia Mtaalamu ufunguo.

"Washa, mwanangu."

Injini ilishika mara moja. Ilitetemeka kidogo, Baba akaishika distribyuta kwa mkono, akaizungusha unywele mmoja upande huu, unywele mmoja upande ule, mpaka mngurumo ukalainika na kutulia, ukawa sauti ya kitu kinachojua kazi yake. Akakaza nati. Akajifuta mikono kwa kitambaa, kidole kwa kidole, akakiacha gumba na wekundu wake.

"Kitinda," alisema. "Lete mkono."

Kitinda alishuka ngazi. Alitoa mkono wa kushoto. Baba akatikisa kichwa. Akatoa wa kulia. Kwenye ncha ya kidole cha shahada, mahali alipopitisha kujaribu kama rangi imekauka, palikuwa na wekundu ule ule.

"Ni mimi," Kitinda alisema.

"Sisikii," Baba alisema. "Gari linanguruma."

"Ni mimi!"

"Mama yako yuko kule. Naye anataka kusikia."

Basi Kitinda alivuta pumzi, akasema kwa sauti ya gwaride, mbele ya Baba, Mama, Dada na simu yake, Mtaalamu kwenye kiti cha dereva, na jirani aliyekuwa amepanda juu ya kitu fulani ili achungulie ukutani. "Ni mimi! Niliongeza doti kwenye waya wa pili, nikakwangua moja kwenye wa tatu! Nilitaka Shemeji aaibike! Doti za Baba zilikuwa sawa! Macho yake hayana kosa!"

"Miwani atavaa hata hivyo," Mama alisema, akaenda kufungua geti. Alilifungua mabawa yote mawili, akasimama kando. "Na hicho kichupa ulikipataje shuleni?"

"Ndani ya soksi, Mama!"

Mtaalamu alichungulia dirishani, duara zake mbili safi zikimtazama Kitinda kwa muda mrefu. Halafu akauliza polepole, kama mtu anayehesabu doti:

"Shemeji. Na lile bomba la jikoni? Na redio?"

Kitinda alitazama viatu vyake.

"Bomba ni wewe mwenyewe, Shemeji," alisema. "Redio ndiyo mimi."